Moto wa Kikombe Chekundu

Mlimani hairuhusiwi kuwasha moto.
Imeandikwa getini kwa rangi ya njano,
na askari wa hifadhi ana pua ya mbwa,
njiti moja ya kiberiti ataifuata hadi bondeni.
Kwa hiyo sisi wagumu,
tukishatua kilo zetu ishirini ishirini,
wageni wakishapata supu na maji ya kunawa,
tulijibana kumi na mmoja katika hema la jikoni,
soksi na vitunguu vikigombania hewa,
na Ndekirwa mpishi akavua taa yake ya kichwani,
akaifunika kwa kikombe cha plastiki, chekundu,
akaiweka chini, katikati yetu.
"Sogeeni," alisema, "ila msiungue."

Tulicheka. Halafu, sijui nani alianza,
mkono mmoja ukanyooshwa,
ukafuata wa pili,
viganja vikawa vyekundu kama vya watu walioota moto kweli.

"Hadithi, hadithi!"
"Hadithi njoo! Uwongo njoo! Utamu kolea!"

Ndekirwa si mtu wa kuaminiwa.
Hukopa huku akiapa.
Goti lake la kushoto hutabiri mvua, na hukosea.
Lakini usiku ule, Machame, kwenye ukungu,
alituambia habari za mwanamke wa Kibosho
aliyezimikiwa na moto masika yote,
akaenda kwa jirani na kigae, kuomba kaa moja.
Jirani akasema: Kaa nitakupa. Niachie jina lako.
Mwanamke akaona jina ni kitu gani,
haliliwi, halifunikwi na watoto wakilala.
Akaliacha kizingitini kama viatu.

Shira, upepo ukivuta kamba za hema,
mwanamke alifika kwake na moto kiganjani.
Mbwa akambwekea.
Mume akauliza kwa adabu, kama unavyomuuliza mgeni:
Karibu, wewe ni wa nani?

Barranco hatukutaka kulala.
Mwanamke anapanda mgomba kwa mgomba,
anapiga hodi, anasema: Mimi ni,
halafu anasimama hapo.
Kila mlango unangoja kidogo,
kisha unafungwa.

Barafu hakuna hadithi. Barafu ni kutapika
na kuhesabu vidole kama vimetimia.
Na Mweka, usiku wa mwisho, zilikuja bahasha,
tukagombana nani kapata pungufu,
kikombe kikarudi kunywewa chai.
Asubuhi getini Ndekirwa alipanda bodaboda,
akapunga mkono, akaelekea Kiboriloni
na elfu saba yangu
na mwisho wa hadithi.

Nyumbani Uru mama anapikia gesi siku hizi.
Mafiga yamebaki kwenye jiko la zamani, nyuma ya migomba,
na kuku mmoja asiye na haya anatagia katikati yake.
Juzi umeme ulikatika, mvua ikinyesha, simu zote zimekufa,
nikachukua taa, nikachukua kikombe.
"Moto wa uwongo huo," mama alisema kutoka gizani.
"Ndiyo," nikasema. "Hadithi njoo."

Nikamsimulia Aikande, mtoto wa dada yangu,
kaa, kigae, kizingiti, mbwa.
Nikafika pale mlango unapofungwa
nikanyamaza, kwa sababu sikuwa na kingine.
"Halafu?"
"Ndekirwa hakusema."
"Mpigie!"
"Hapokei. Anadhani namdai."

Akafikiri, viganja vyake vidogo vikiwa juu ya kikombe,
vyekundu hadi kwenye mifupa.
"Mimi ninayo mawili," akasema.
"Mwambie achukue Oliva, la ubatizo.
Shuleni wananiita hilo lakini silipendi sana.
Nitabaki na Aikande."

Mvua iliendelea juu ya bati.
Mama hakusema kitu.
Nilisikia tu kigoda chake kikiburuzwa sakafuni,
kikija upande wetu.