Wimbi la Saba

Bahari ya Velmori haipendi baridi.
Usiku ule mmoja wa mwaka, nyota zinapokakamaa
na pumzi ya ng'ombe inapodondoka chini kama changarawe,
hupanda ngazi mia tatu na kumi na mbili
kuja kuomba malazi.

Haivunji mlango. Hubisha.
Ukifungua unaikuta kizingitini, imejikunyata,
meno yake yakigongana, kokoto kwa kokoto.
Basi kila nyumba huchukua kiasi inachoweza:
ndoo, beseni, sufuria, buti la marehemu babu.
Akina Oskeli, watu wa watoto wengi,
huilaza hata kwenye susu, wakaibembeleza.
Hulala kando ya meko. Hukoroma povu.
Samaki wadogo huzunguka ndani ya birika
wakishangaa jinsi dunia ilivyo duara.

Mgeni siku ya tatu hupewa jembe;
huyu haifikii hata ya pili.
Alfajiri karani Tamrith husimama ngazi ya mwisho
na daftari lililovimba kwa unyevu.
Kila mtu humimina alichokipokea, naye huandika:
ndoo mbili, Oskeli. Beseni, mjane Irvena.
Buti moja, la kushoto.

Mwaka nilipong'oka meno ya mbele
mama alibakiza kikombe.

Sikumwona akikificha. Niliona tu
unga umehamishwa rafu,
na usiku nikasikia, nyuma ya gunia,
maji yakipwa, maji yakijaa,
ndani ya kitu kidogo kuliko ngumi.
Nikamuuliza. Akasema: panya.
Panya gani anayenuka chumvi?
Akanipa mkate ninyamaze.

(Nilikuwa na kaka, Brennu. Jina lake halikutajwa
tangu mashua iliporudi peke yake.
Hilo nalijua sasa. Wakati ule nilijua mkate.)

Huko chini hesabu ikaharibika.
Mawimbi yalikuja sita, kisha pengo.
Sita, kisha pengo.
Si kimya, la: pengo, kama mahali pa jino.
Nyavu zilizotupwa humo hazikulowa.
Shakwe walijifunza kulikwepa.
Sisi watoto tuliruka kamba kwa mdundo huo,
na hata leo watu wa Velmori wakipiga makofi
la saba hulibakiza mikononi.

Bahari haikumshtaki mtu.
Ila kila ilipopanda, ilipofika kwetu,
ilibisha mara sita, ikasubiri.

Mama alikufa mwezi wa kuchinja bata.
Nyuma ya unga nikakikuta,
mkono wake umekatika, maji yangali hai,
na juu yake utando wa vumbi jeupe
ukipanda, ukishuka,
kama kifua cha aliyelala.
Nikatega sikio. Nilichosikia ni changu.

Nikashuka nacho. Ngazi ya arobaini nikateleza,
tone likaanguka; pale pameota ua la chumvi,
nendeni mkaone, watoto wanalilamba.
Chini alikuwapo binti yake Tamrith,
aliyerithi daftari pamoja na mafua.
Hakuuliza miaka yote hiyo kilikuwa wapi.
Alichovya kalamu tu.

Nikamimina.
Yakaja sita, makubwa, yenye kiburi chao.
Kisha la saba: dogo, la kimo cha kikombe,
likatambaa juu ya kokoto,
likalowesha kamba za buti langu,
likarudi.

Karani akapenga kamasi, akaandika polepole,
akilitamka kila neno:
Kikombe. Nyumba ya Halvesa. Kimepokelewa.
Akaniangalia mdomo. Akaongeza:
pungufu kijiko kimoja.

Sikujibu.
Usiku huu nimelala chali. Saa ya kujaa
kitu kinanipanda hadi kooni.
Saa ya kupwa kinashuka taratibu,
kikiniachia ulimini
jina moja, lenye mchanga.