Jalada la Nyuki

Tuko watatu, ghorofa ya pili, mahakama ya rufaa, Białystok.
Mabomba ya hita yanagonga kama mdai aliyechelewa,
nje theluji ya Februari imeganda juu ya magari.
Mezani jalada moja, nene kama tofali.
Ukilifunua linanuka nta.

Ndani ya bahasha, kielelezo namba nne:
nyuki kumi na wanne, wakavu, miguu imekunjwa,
walioletwa Łomża na mzee Bonifacy Zawistek
katika kiboksi cha kiberiti.
Mizinga arobaini na mmoja, alisema,
ilinyamaza kwa asubuhi moja,
jirani yake Oleksza aliponyunyizia kanola sumu
jua limeshapanda, nyuki wako kazini.

Jaji wa kwanza hakuuliza ni sumu gani.
Hakuita mtaalamu. Hakumwita Ireneusz, dereva wa trekta.
Alifungua kalenda, akahesabu miaka mitatu,
akasema muda umekwisha, dai limetupwa.
Kurasa mbili na nusu.
Na hata kalenda yenyewe aliihesabu vibaya.

Fuata nyuki ule asali.
Nyuki wakifa je, ufuate nini?
Unafuata karatasi.

Wit, mwenzangu wa kulia, hapendi kurudisha.
"Tuamue hapa hapa. Mzee ana miaka themanini na mmoja.
Tunapiga danadana, mpira uko hewani,
na watu wanazeeka wakiutazama."
Hajakosea.
Leo asubuhi tu ilikuja kesi ya ghala la viazi,
riba imejumlishwa mara mbili;
tukashika kalamu, tukakata, tukaandika, dakika kumi na moja.
Kosa la hesabu halipandishwi basi kurudi lilikotoka.
Hata shahidi mmoja aliyesahaulika tungemwita hapa,
avue kofia, aseme, aende zake.

Lakini hili!
Unakarabati nyumba iliyojengwa.
Mimi hapa nimekuta kiwanja na kibao cha anwani.
Nikiamua leo, nitakuwa jaji wa kwanza na wa mwisho,
na atakayeshindwa, awe Zawistek, awe Oleksza,
atakuwa amesikilizwa na sikio moja tu,
langu, ambalo nalo huwa na nta yake.

Niseme na hili, kwa kuwa hakuna anayeandika kumbukumbu.
Mwaka ule mume wangu akiugua
nilirudisha majalada tisa.
Matatu yalistahili.
Yale sita nilikuwa nimechoka,
nikaandika "isikilizwe upya"
kama mtu anayesukuma mlango kwa mguu.
Tangu hapo, kila nikiandika maneno hayo
kwanza nautazama mguu wangu.

Kwa hiyo nimesoma tena, usiku, jikoni, chai imepoa.
Ukurasa wa mia na kumi na mbili, barua ya wakili:
Ireneusz alifariki Novemba.
Kurudi kuna nauli,
na safari nyingine nauli yake ni mtu.
Nikatafuta ushahidi wowote uliopimwa,
hata nusu, hata kwa upotofu,
niushike niunyooshe.
Sikuupata. Palikuwa na kalenda tu.

Tukaamuru: hukumu imetenguliwa,
kesi irudi Łomża, mbele ya jaji mwingine,
mtaalamu wa sumu aitwe kabla ya yote.
Lubomira alitikisa kichwa kukubali.
Wit akatia saini bila kuniangalia.

Korido. Mzee kamshika wakili wake mkono.
"Kwa hiyo nimeshinda?"
Jagna, binti mdogo, joho limemzidi mabega,
alitafuta neno, akalikosa, akapata jingine:
"Umeshinda kuanza, babu."

Akafikiri. Akavaa kofia.
Akauliza kama anaweza kurudishiwa kiboksi chake.
Hapana, akaambiwa, kinakwenda na jalada.
Alasiri wale kumi na wanne wakapakiwa kwenye gari la mahakama,
safari yao ya tatu,
barabara ya Łomża, theluji pande zote,
hakuna ua hata moja.