Redio Kumi na Moja

Kakangu Mumo aliacha redio kumi na moja
kwenye rafu ya kibanda chake, Barabara ya Luthuli,
kila moja na kikaratasi kimebandikwa kwa selotepu:
jina, namba ya simu, ugonjwa.
Haishiki stesheni. Inakoroma. Inazima yenyewe.
Mwandiko wake ule wa kuinama kushoto,
kama mtu anayesikiliza ukutani.

Kamati ya mazishi ilikaa Kariobangi, kwa binamu.
Chai ikaja, mkate ukaja, daftari la michango likaja,
na mwenyekiti akauliza, kalamu hewani:
Tuandike alikufa na nini?
Mjomba akasema, presha.
Shangazi akasema, andika tu
"baada ya kuugua kwa muda mfupi".

Muda mfupi!
Miaka miwili nilimwona akipungua,
si mwili. Mwili ulikuwepo, ulikula,
ulicheka kwa kuchelewa,
kama mpira kwenye runinga
wakati redio ya jirani ishatangaza goli.

Mficha maradhi, akaanza mtu nyuma yangu,
na methali akaiacha nusu, kwa adabu.
Nikataka kugeuka nimwulize
ni nani aliyeomba kuyaona.
Aliposema sijalala wiki nzima
nilimwambia apunguze chai.
Aliposema nimechoka, Kasiva, nimechoka,
nilikuwa nahesabu chenji, nikamjibu:
Nairobi hii nani hajachoka?

Usiku Mama aliniuliza kwa Kikamba,
kutoka ndani ya blanketi,
nilimkosea wapi.
Sikuwa na jibu. Nilimshika mguu
mpaka muadhini wa Eastleigh akaita.

Jumatatu nikaanza kupiga zile namba.
Wa kwanza nikamdanganya: presha.
Wa pili: ajali.
Wa tatu akaniambia mwambie fundi Mungu ambariki,
na mimi nikasema, nitamwambia.
Mzee Barongo alikuja na shilingi mia tatu za deni,
akaziweka juu ya meza, akazinyoosha,
akaondoka bila redio yake.

Wa tano ni mama mmoja, Nafuna,
mpishi wa shule kule Makadara.
Yake ndiyo ile inayozima yenyewe.
Fundi yuko wapi? akauliza,
na sijui ni uchovu au ni nini,
nikasema: Alijiua.

Neno lilitoka dogo, kavu.
Paa halikuanguka.
Nje, mkokoteni uliendelea kupiga kelele za kupisha.
Hakuuliza vipi. Hakushika kifua.
Alivuta kile kigoda cha Mumo, akaketi.
Mwaka ule wa mafuriko, akasema,
na mimi nilikuwa nimeshaaga watu kimoyomoyo.
Mimi niliuita uvivu. Mume wangu aliuita shetani.
Daktari akauita sonona, akaniandikia dawa,
akaniambia nirudi, nikarudi.
Na binti yangu alinifuata miezi mitatu,
hata chooni, ananisimulia mambo ya shule kupitia mlangoni.
Akanyamaza. Kisha:
Na wewe, unalala?

Watu mia mbili walikuwa wamenipa pole.
Hilo hakuna aliyeniuliza.
Nikasema, hapana.
Nikasema mengine pia, ambayo hayamo humu.

Ya kumi na moja haikuchukuliwa.
Niliigeuza jana nisome kikaratasi.
Jina: Mumo. Namba: yake.
Mahali pa ugonjwa hakuandika kitu,
kalamu iligusa tu, ikaacha nukta.
Nimeibeba nyumbani. Inanguruma kidogo ikiwashwa.
Sijui kutengeneza redio.

Alhamisi, saa moja asubuhi, simu inaita.
Ni Mama Nafuna, sufuria zinagongana nyuma yake.
Umelala?
Saa tatu, namwambia. Labda tatu na nusu.
Tatu ni tatu, anasema.
Kesho nitauliza tena.