Maji Yasiyooza

Kopo la shaba lilikaa miaka thelathini
juu ya kabati la vitenge, nyuma ya mizani mbovu,
mdomo umezibwa kwa nta.
"Maji ya Ganga," alisema Jashuben. "Hayaozi."
Mimi, fundi wa barazani, nilicheka:
ndoo yangu ya juzi tu ina viluwiluwi!

Hakurudi kuyafuata mengine.
Nauli ikawa ada ya Bipin, ikawa bati za paa,
ikawa dawa za miguu.
Basi Jumatatu alfajiri alishuka Karanga,
viatu mkononi, sari imepandishwa,
akaelekeza majini kibakuli cha jani la mgomba:
utambi, samli, ua la njano.
Wafua nguo wakamzoea.
Mama Ndeshi akisogeza beseni:
"Pitisha, mama, isizimike."

Leo Bipin amebeba chungu kilichofungwa kitambaa chekundu.
Pandit wa Arusha gari limemfia Boma Ng'ombe.
Tumemngoja, jua limepanda,
tumeanza bila yeye.
Bipin anabandua nta kwa ufunguo wa duka.
Maji ya Ganga, vijiko vinne labda,
yanaingia Karanga bila hodi,
na Karanga, yenye povu la sabuni na baridi ya mlimani,
haiulizi pasi.
Kisha majivu.

Mimi nimekuja na jani la isale.
Mwaka wa foleni za sukari
nilimwita mnyonyaji, wateja wanasikia.
Kesho yake alinipimia uzi kama jana,
akaongeza shubiri.
Isale yake niliichuma mara nyingi.
Ilikauka dirishani mara nyingi.
Sasa naipiga fundo, naiachia
ifuate lile ua.

"Atafika?" anauliza Bipin.
Namwelekeza kama mgeni wa stendi:
Weruweru, halafu Kikuletwa,
halafu bwawani, Nyumba ya Mungu.
Ananikazia macho, adhani nimetunga.
"Ndilo jina lake. Waulize wauza perege."
Anacheka, analia, vyote kwa pua moja.
"Halafu?"
Halafu mitambo ya umeme, mikonge, Pangani, bahari.
Huko mbele mimi sijui.
Huko mbele ni kwenu.

Tunapoondoka anainama, anachota Karanga,
anajaza lile kopo, analiziba kwa mshumaa,
analirudisha nyuma ya mizani.
"Usiguse," ananiambia.
"Hayaozi?"
Anapangusa mikono kwenye suruali.
"Tutaona."