Jina Lapita Mbio

Kibokoni, ghorofa ya pili, chumba cha nyuma,
Shekue Badi aliandika majini kwa miaka ishirini:
bibi harusi asiye na kisogo,
kisima kinachoita watu kwa majina yao ya utotoni.
Televisheni ikamlipa kwa mafungu.
Fungu la mwisho bado li njiani.

Jina lake lilipita mwisho wa kipindi
mbio, jeupe, chini ya tangazo la sabuni.
Mamake hakuwahi kulisoma.
“Miwani, mwanangu, miwani.”

Lakini kila Alhamisi, saa tatu na nusu,
alifungua dirisha, akazima taa, akausikiza mtaa:
milango ikikomewa,
mtoto wa Mwanamize akikataa kwenda msalani peke yake.

Huo ndio ujira, taslimu.
Akatabasamu gizani.
Kisha, mbio, akaiwasha taa.