Msomaji wa Maji, Manaus

Kazi yangu ni kusoma namba.
Saa moja asubuhi nashuka ngazi za bandari,
nainama penye ubao uliopigiliwa ukutani
nione Mto Negro umelala wapi.
Naandika kwa penseli. Wino hulowa.

Ukutani pana miaka. Kila gharika ina mstari wake,
kama mama ampimavyo mtoto mlangoni,
ila mtoto huyu hurefuka, akasinyaa, akarefuka tena.

Mwaka wa ukame namba ziliisha.
Ubao ukaning'inia juu ya matope
na samaki waliokosa pa kwenda.
Kule Lajes, karibu na pale mito miwili
inapokwenda bega kwa bega bila kuchanganyika,
mwamba ulivuliwa maji
na sura zikatutazama:
macho ya duara, mdomo wa mfereji mmoja.
Kando yake, mikwaruzo ya kunolea mashoka.

Basi mtu alikaa hapa akinoa.
Alikuwa na kazi, kama mimi.

Wamanao tunawakumbuka kwa kuwa mji umevaa jina lao,
mtu avaavyo koti la marehemu
bila kuuliza alikufaje.
Wareno walisimamisha ngome juu ya makaburi.
Babu yangu, akichimba mtaro wa maji machafu,
alikuta vyungu virefu kama watoto,
na ndani ya vyungu, watu.
Akavua kofia.
Msimamizi akasema: saa ya chakula bado.

Kisha mpira.
Huku kwetu mgema hakusifiwa, alidaiwa.
Alidaiwa kisu, chumvi, nauli ya meli
iliyomtoa Seara alikokimbia jua,
alidaiwa hata kikombe cha kukingia utomvu.
Mjini, waliomdai walipeleka mashati Ulaya yakafuliwe,
wakajenga jumba la opera lenye kuba la vigae,
na barabara ya mbele wakaitandika mpira
magurudumu yasikohoe
mwimbaji anapovuta pumzi.
Kimya kile kililipiwa na nani, hesabu mwenyewe.
Mbegu zikapanda meli, zikaota ng'ambo,
bei ikavunjika, taa zikazimwa mtaa baada ya mtaa.

Bibi yangu Deuzuita alizaliwa juu ya magogo,
katika mji ulioelea: maduka, kinyozi, mganga wa meno,
kanisa lililofungwa kwa kamba mbili.
Maji yakipanda, mji unapanda. Hakuna aliyepima.
Serikali iliuvunja ubao kwa ubao,
ikasema unatia aibu mbele ya wageni.
Usiku wake wa kwanza nchi kavu bibi alitapika.
"Kitanda kilikuwa kimekufa," alisema,
na hakukizoea hadi alipokufa yeye.

Vikaja viwanda. Mjomba Aderbal aliunga televisheni
miaka ishirini na sita, akazawadiwa saa ya ukutani.
Ingali inakwenda, dakika nne nyuma.

Januari ile hewa iliisha hospitalini,
katika mji uliozungukwa na msitu
ambao walio mbali huuita mapafu.
Tulipanga foleni na mitungi, jua likituangalia.
Aderbal alikuwa kitanda cha tisa.
Asubuhi iliyofuata nilishuka ngazi.
Mto ulikuwa umepanda sentimita tano.
Niliandika tano.

Kabla mvua hazijarudi nilimpeleka binti yangu Lajes.
Jandira hakujali sura. Alitia kidole
katika mkwaruzo mmoja wa shoka, kikaingia chote.
"Pana moto," alisema. Ni jua, nikamjibu.
Akanitazama kama asiyejua kitu.

Sasa zimezama, kidevu kwanza.
Jandira ananiuliza mle chini wanapumuaje.
Sina namba ya hilo.
Mita kumi na tisa na sentimita nne, leo,
na penseli inahitaji kuchongwa.