Lifti ya Kushoto

Nilimjua kupitia kioo.
Yeye upande wa maikrofoni, mimi upande wa vitufe,
katika chumba kisicho na dirisha, Soho,
chini ya duka linalouza vifungo.
Na Alwyn Garside hakuvaa vifungo kazini:
hugonga, na maikrofoni ina masikio ya mbea.
Sweta la kijivu. Viatu mlangoni.
Tufaa bichi mkononi; aling'ata, akatafuna, akameza,
mate yasije yakapiga kelele katikati ya neno.

Kwenye picha hakufika mbali.
Miaka kumi na tisa ya kamera, na nikihesabu
(nilihesabu, alinipa kanda zote ndani ya boksi la viatu)
alikuwa polisi mara kumi na moja,
maiti mara sita,
daktari anayesema "Tumejitahidi" mara nne,
na mara moja, moja tu, mpenzi wa mtu,
tena ulionekana mgongo.
Mwelekezaji wa Manchester alimwambia:
uso wako, Alwyn, haukai akilini.
Alinisimulia hilo akicheka. Kisha akauliza
kama maikrofoni imezimwa.

Haikuwa imezimwa.

Ndipo akashuka ngazi zetu, lafudhi yake ya Rochdale
ameikunja ndani kabisa, kama noti ya akiba kwenye soksi.
Kwetu akawa nyuki mwenye mafua,
akawa birika, akawa mfalme wa nyungunyungu
ambaye watoto hawakukubali kulala bila yeye,
na akipita dukani kununua maziwa
hakuna mtoto aliyegeuka.
Alikufa kwa ajili ya michezo ya kompyuta:
mchana mmoja, vifo arobaini na viwili.
Kufa kwa mshale. Kufa kwa kuanguka, ukuta mfupi.
Kufa kwa kuanguka, ukuta mrefu.
Kufa kwa moto tulikuacha mwisho, kwa kulihurumia koo.
"Huyu wa mshale," alisema, "ana mke. Nirudie."
Akarudia. Nami nikamsikia huyo mke.

Na filamu za wageni, za Poland, za Ureno:
aliutazama mdomo wa mtu mwingine
kama paka anavyolitazama tundu la panya,
ukifunguka tu, anautilia Kiingereza.
"Siri si maneno," aliniambia. "Siri ni pumzi.
Vuta pumzi pamoja naye, maneno yatakuja yenyewe."

Ya lifti tuliifanya Alhamisi, kabla ya chakula cha mchana.
Pauni mia mbili na hamsini, mkupuo mmoja, basi.
Milango inafunguka. Milango inafungwa.
Ghorofa ya kwanza hadi ya tisa.
Aliomba kurudia ya sita.
Nikamwambia, Alwyn, hii ni lifti.
Tumbo lake likanguruma, tukacheka, nikaiacha ilivyo.

Mwaka jana, Leeds, wakamtoa koromeo.
Hilda, dada yake, alinipigia: hatasema tena.
Amekata kauli, na bado yu hai, anadai magazeti.
Nikaenda na tufaa, mjinga mimi,
nikaishia kulificha mfukoni.
Alikuwa na kibao cheupe na kalamu.
Akaandika: LIFTI YA KUSHOTO. TWENDE.

Nikamsukuma na kiti chake cha magurudumu.
"Ghorofa ya nne," akasema Alwyn wa darini,
mwenye miaka hamsini na mitatu, ana njaa, hana donda.
Alwyn wa kitini akainua kidevu.
Tulipoikaribia ya tano akavuta pumzi,
ikapitia tundu la shingoni, na mluzi kidogo,
na midomo yake ikaifuata sauti
silabi kwa silabi, bila kuchelewa hata nukta.
Mama mmoja mwenye maua alidhani anasalimiwa.
Akaitikia.

Ya sita, akakunja uso.
Akashika kalamu:
NILIKWAMBIA.